Kura ya Maoni au Kura ya Maamuzi? Ridhaa ya Raia katika Mikataba Miwili ya Pwani, 1963–1964

Utangulizi

Katika muda wa miezi sita na nusu, baina ya tarehe 8 Oktoba 1963 na tarehe 22 Aprili 1964, ilitiwa sahihi mikataba miwili iliyoamua hatima ya dola katika pwani ya Afrika Mashariki. Kwa mkataba wa kwanza, uliofanyika London, Sultani wa Zanzibar aliacha haki zake juu ya ukanda wa maili 10 wa pwani ya Kenya, na ukanda huo ukawa sehemu ya Kenya iliyokuwa karibu kupata uhuru. Kwa mkataba wa pili, uliofanyika Unguja, Jamhuri ya Tanganyika na Jamhuri ya Watu wa Zanzibar ziliungana kuwa dola moja. Mikataba hii haikufanana kwa shabaha wala kwa watu walioifanya. Hata hivyo, ilifanana kwa jambo moja: raia waliohusika hawakuitwa popote kupiga kura ili waseme kama wanaikubali au wanaikataa.

Makala haya yanakusudia kuchunguza, kwa kuitazama mikataba hiyo, swali ambalo limerudi mara kwa mara katika nchi zetu. Je, mikataba mikubwa yenye kugusa katiba ipigiwe kura na raia wenyewe, au yatosha kuamuliwa na serikali na mabunge? Hoja itakayotetewa ni kwamba mkataba unaombadilisha mwenye dola haukamiliki kwa sahihi za viongozi peke yake. Ridhaa isiyoombwa hubaki kuwa deni, na deni hilo hudaiwa na vizazi vinavyofuata. Lakini itaonyeshwa vilevile kwamba si kila kura hulipa deni hilo. Kura huweza kupigwa na malalamiko yakabaki, ikiwa swali limefinywa, ikiwa hesabu ya kura imewameza wachache, au ikiwa lugha ya mkataba si lugha ya mpiga kura.

Maneno na maana zake

Yafaa kuanza na maneno, kwa sababu katika jambo hili maneno yenyewe yana historia. Neno kura limetoka katika Kiarabu, na maana yake ya asili ni bahati nasibu: watu walipiga kura ili wajue nani apate fungu gani pale ambapo hapakuwa na njia nyingine ya kukata shauri. Maana ya kumchagua mtu au kuidhinisha jambo kwa wingi wa watu ni maana iliyokuja baadaye, pamoja na siasa za uchaguzi.

Tunapofika kwenye kura inayohusu jambo badala ya mtu, Kiswahili kina majina mawili. Nchini Tanzania jina lililoenea, na ambalo limeingia hata katika Sheria ya Kura ya Maoni ya mwaka 2013, ni kura ya maoni. Nchini Kenya jina hilo lipo, lakini sambamba nalo husikika kura ya maamuzi. Tofauti hii si ndogo. Maoni ni nomino itokanayo na kitenzi kuona. Mwenye kutoa maoni anasema anavyoona, na anayesikiliza ana hiari ya kuyafuata au kuyaacha. Maamuzi yanatokana na kuamua, kitenzi ambacho tangu zamani hutumika kwa kuwatenganisha wagombanao na kukata shauri baina yao. Aliyeamua amemaliza. Aidha, katika siasa za vyama nchini Tanzania, kura za maoni ni zile za awali ambazo wanachama hupiga ili kuwapendekeza wagombea, na vikao vya juu vya chama vina uwezo wa kumteua mtu ambaye hakuongoza katika kura hizo. Kwa hiyo msikilizaji wa Kiswahili anapoambiwa kwamba kutakuwa na kura ya maoni juu ya katiba, jina lenyewe halimhakikishii kwamba neno lake ndilo la mwisho.

Yako pia maneno mkataba, mapatano na ridhaa. Mkataba, kwa asili yake ya Kiarabu, ni kilichoandikwa. Hutuelekeza kwenye karatasi. Mapatano, kutoka kupatana, hutuelekeza kwa watu wenyewe waliokutana wakaafikiana. Ridhaa ni kukubali kwa moyo, na katika pwani ya Waislamu neno hili linajulikana zaidi katika ndoa, ambamo mwari huulizwa ridhaa yake kabla wali hajamwoza. Ni kweli kwamba kimya cha mwari huhesabiwa kuwa ni kukubali. Lakini sharti kwanza aulizwe, ndipo kimya chake kipate maana. Tofauti hii baina ya kimya cha aliyeulizwa na kimya cha asiyeulizwa ndiyo itakayotusaidia kuielewa historia inayofuata.

Mwambao, 1895–1963

Asili ya kadhia ya Mwambao ni mkataba wa tarehe 14 Desemba 1895 baina ya Sultani Hamed bin Thuwaini na serikali ya Uingereza. Waingereza walipewa utawala wa ukanda wa pwani, nao wakakubali kumlipa Sultani pauni 11,000 kila mwaka. Kwa upande wa sheria, dola ilibaki kuwa yake, na bendera yake nyekundu iliendelea kupepea juu ya Ngome ya Yesu, Mombasa. Ndiyo sababu, mwaka 1920 nchi ilipopewa jina la Kenya, bara iliitwa Koloni na ukanda ukaitwa Himaya, ingawa gavana alikuwa mmoja.

Uhuru ulipokaribia, tofauti hii ya kisheria iligeuka kuwa swali la siasa. Wapo wenyeji wa pwani, hasa miongoni mwa Waarabu na Waswahili, waliodai kwamba Mwambao ujitawale au urejee katika dola ya Zanzibar. Dhidi yao walisimama viongozi wa vyama vya Kenya. Ronald Ngala wa KADU, ambaye mwenyewe alikuwa mtu wa pwani, alipigania majimbo yenye madaraka yake, lakini hakukubali ukanda utengwe na Kenya. Mwaka 1961 serikali ya Uingereza na ya Sultani zilimteua Sir James Robertson, aliyekuwa Gavana Mkuu wa Nigeria, achunguze jambo hilo. Alisikiliza ushahidi wa pande mbalimbali, na katika ripoti yake ya Desemba 1961 alipendekeza kwamba ukanda uunganishwe na Kenya, pamoja na dhamana kwa wakazi wake. Mkutano juu ya ukanda huo ulifanyika London mwezi Machi 1962. Mwishoni, katika Oktoba 1963, Jomo Kenyatta na Waziri Mkuu wa Zanzibar, Mohammed Shamte, waliandikiana barua. Kenya iliahidi kuhifadhi mahakama za kadhi, uhuru wa ibada, mafundisho ya Kiarabu kwa watoto wa Kiislamu kwa kadiri itakavyowezekana, uteuzi wa maofisa Waislamu katika sehemu za Waislamu, na hati za kumiliki ardhi. Kwa msingi wa barua hizo mkataba ulitiwa sahihi tarehe 8 Oktoba.

Mtu hawezi kudai kwamba wenyeji hawakusikilizwa kabisa. Walisikilizwa, lakini walitoa maoni, na maamuzi yakafanywa na wengine. Hali kama hiyo ilionekana wakati uleule katika Wilaya ya Mpaka wa Kaskazini. Tume iliyotumwa huko mwaka 1962 ilikuta kwamba Wasomali walio wengi walitaka kujiunga na Somalia. Maoni hayo yaliandikwa yakapokelewa, kisha yakawekwa kando, na vita vya miaka kadhaa vikafuata.

Wanaotetea njia iliyofuatwa wana hoja yenye uzito. Kabla ya kupiga kura lazima ijulikane nani ni mpiga kura, na katika Mwambao hilo ndilo lililokuwa kiini cha ugomvi. Ukanda ulikaliwa na Wamijikenda, Waswahili, Waarabu, Wahindi, na wafanyakazi waliotoka bara. Kama kura ingepigwa ndani ya ukanda tu, watu wa bara wangesema kwamba ardhi ya taifa imeamuliwa na wachache. Kama ingepigwa Kenya nzima, watu wa ukanda wangemezwa. Hoja hii ni ya kweli. Lakini yapasa kukumbuka pia kwamba Wamijikenda wengi hawakuwa na hamu ya kurudi chini ya Sultani, kwa sababu habari za utumwa na za kunyang'anywa ardhi hazikuwa zimesahauliwa. Yamkini kura iliyopigwa ndani ya ukanda wenyewe ingeipa Kenya ushindi. Ikiwa ndivyo, basi serikali ilijinyima ushahidi ambao baadaye ungeinufaisha kuliko barua yoyote.

Kwani baadaye ushahidi ulihitajika. Sultani Jamshid bin Abdullah, mmoja wa waliohusika na mkataba ule, alipinduliwa tarehe 12 Januari 1964, mwezi mmoja tu baada ya uhuru wa Kenya. Miongo kadhaa ilipita. Kisha Baraza la Republican la Mombasa, lililoanzishwa mwaka 1999, lilifufua mikataba ya 1895 na 1963 na kuifanya msingi wa madai ya kujitenga, likaeneza wito wa Pwani si Kenya. Mwaka 2012 Mahakama Kuu iliondoa marufuku iliyokuwa juu ya baraza hilo. Chanzo cha manung'uniko hayo kilikuwa ardhi, ajira na umaskini kuliko maandishi ya zamani. Lakini wenye manung'uniko walipotafuta neno la kuyaeleza, walilikuta katika mkataba ambao babu zao hawakuuidhinisha. Wahenga walisema kwamba kimya kingi kina mshindo mkuu.

Hati za Muungano, 1964

Mkataba wa pili ulizaliwa katika hali ya haraka zaidi. Mapinduzi ya Zanzibar ya tarehe 12 Januari 1964 yalifuatwa siku chache baadaye na maasi ya askari wa Tanganyika. Mataifa makubwa yaliitazama Zanzibar kwa jicho la vita baridi. Katika hali hiyo Julius Nyerere na Abeid Amani Karume walizungumza kwa siri, na rasimu ikaandikwa kwa Kiingereza na Roland Brown, aliyekuwa Mwanasheria Mkuu wa Tanganyika. Wolfgang Dourado, mwenye cheo kama hicho Zanzibar, alieleza baadaye kwamba hakushauriwa. Hati zilitiwa sahihi Unguja tarehe 22 Aprili. Bunge la Tanganyika liliziidhinisha tarehe 25 Aprili, na kesho yake Muungano ukaanza.

Zanzibar haikuwa na bunge wakati huo. Uwezo wa kutunga sheria ulikuwa mikononi mwa Baraza la Mapinduzi. Kama Baraza hilo liliziidhinisha Hati hizo kwa utaratibu uliotakiwa ni jambo lililozua mjadala mrefu wa wanasheria, na Issa Shivji, katika kitabu chake cha mwaka 2008 kuhusu Muungano, ameonyesha jinsi ushahidi wa uidhinishaji huo ulivyo haba.

Je, kura ingewezekana? Si rahisi kujibu kwamba ingewezekana katika Aprili 1964. Miezi mitatu baada ya umwagaji damu, watu wengi walikuwa wameuawa au wamekimbia, na kura yenyewe ilikuwa imepoteza heshima yake machoni pa wengi. Katika uchaguzi wa Julai 1963, Afro-Shirazi Party ilipata zaidi ya nusu ya kura zote lakini ikaambulia viti 13 kati ya 31. Watu walioshuhudia wingi wa kura ukishindwa kuleta serikali hawakuwa na sababu ya kuamini kwamba kisanduku ndicho kisemacho kweli. Zaidi ya hayo, waasisi waliamini kwamba umoja wa Afrika ni jambo ambalo likicheleweshwa hupotea. Mfano walikuwa nao karibu: tarehe 5 Juni 1963 Nyerere, Kenyatta na Obote walitangaza Nairobi nia ya kuunda shirikisho kabla ya mwaka kwisha, na mwaka ulikwisha bila shirikisho.

Lakini utetezi huu una mpaka, na mpaka huo umewekwa na Hati zenyewe. Hati za Muungano zilijitambua kuwa ni za mpito. Ziliagiza kwamba iteuliwe tume ya kupendekeza katiba, na kwamba katika muda wa mwaka mmoja liitwe Bunge la Katiba lenye wajumbe wa pande zote mbili ili liipitishe. Bunge la Katiba si kura ya raia wote. Hata hivyo lilikuwa ni njia ya kuwauliza watu kupitia wajumbe walioitwa kwa kazi hiyo mahsusi. Mwaka 1965, muda ulipokaribia kwisha, sheria ilitungwa ya kuuahirisha bila kutaja kikomo kipya. Bunge la Katiba lilikuja kukaa mwaka 1977, miaka 12 baada ya muda uliotajwa, likiwa ni bunge lililokuwapo tayari ambalo lilipewa jina jingine kwa ajili ya shughuli hiyo. Hapa ndipo lilipo kosa kubwa kuliko lile la Aprili 1964. Kutouliza katika dharura kunaweza kusameheka. Kuahidi kuuliza, kisha kuahirisha mpaka swali lipoteze maana, ni jambo jingine.

Athari zake zimeonekana wazi. Mwaka 1984 Aboud Jumbe alilazimika kujiuzulu urais wa Zanzibar kwa sababu ya mvutano juu ya muundo wa Muungano. Tume ya Jaji Nyalali, iliyotoa ripoti mwaka 1992, ilipendekeza serikali tatu. Mwaka 1993 wabunge wa bara walidai serikali ya Tanganyika, na Nyerere aliwajibu kwa ukali katika kitabu chake cha Uongozi Wetu na Hatima ya Tanzania. Na katika Aprili 2014, Bunge Maalumu la Katiba likiwa linaendelea Dodoma, serikali ililazimika kuzionyesha Hati za Muungano hadharani kwa sababu palikuwa na watu waliotilia shaka kwamba zipo. Muungano uliotimiza miaka 50 ulikuwa ukiombwa karatasi zake. Ndoa ambayo watu waliulizwa haiombwi cheti kila siku.

Kura isiyoleta amani: mfano wa Kamerun

Mtu aweza kudhani, kutokana na yaliyotangulia, kwamba kura ni dawa isiyokosa. Historia ya Kamerun, iliyotukia karibu wakati uleule, yatuonya. Sehemu ya Kamerun iliyokuwa chini ya udhamini wa Uingereza ilipigiwa kura chini ya usimamizi wa Umoja wa Mataifa tarehe 11 na 12 Februari 1961. Utaratibu ulikuwa wa wazi, na kaskazini na kusini zilihesabiwa mbalimbali. Kaskazini ilichagua Nigeria. Kusini ilichagua kuungana na Jamhuri ya Kamerun, iliyotumia Kifaransa, kwa kura 233,571 dhidi ya 97,741.

Lakini swali lilikuwa na milango miwili tu: Nigeria au Kamerun. Mlango wa tatu, wa kuwa nchi huru peke yake, haukuwekwa. Baada ya hapo shirikisho liliundwa, na wenye kutumia Kiingereza wakawa wachache ndani yake. Tarehe 20 Mei 1972 kura nyingine ilipigwa ili kulifuta shirikisho hilo na kuunda dola moja. Safari hii kura zilihesabiwa kwa nchi nzima pamoja. Upande mdogo ulipoteza kwa hesabu kile ulichopewa kwa mapatano. Mwaka 2016 mawakili na walimu wa Bamenda na Buea waliandamana kupinga mahakimu na walimu wa Kifaransa katika mahakama na shule zao, na tangu mwaka uliofuata eneo hilo likaingia katika vita. Wanachuoni wa lugha hawana budi kuzingatia kwamba ugomvi huo ulianza kwa swali la lugha gani isemwe mahakamani na darasani.

Funzo ni bayana. Kura ya 1961 ilikuwa kura ya maamuzi, lakini jambo ambalo wengine walilitaka halikuwamo katika swali. Kura ya 1972 iliuliza, lakini ilimhesabu mchache pamoja na mwingi katika jambo lililokuwa dhamana ya mchache.

Kura katika Afrika Mashariki, 2005–2015

Katika karne hii raia wa Afrika Mashariki wameanza kuitwa kupiga kura juu ya mambo ya katiba. Tarehe 21 Novemba 2005 Wakenya waliikataa rasimu ya katiba kwa asilimia 58 hivi. Tarehe 31 Julai 2010 Wazanzibari waliidhinisha serikali ya umoja wa kitaifa, na siku nne baadaye, tarehe 4 Agosti, Wakenya waliikubali katiba mpya. Katika kura zote mbili walioafiki walikuwa takriban theluthi mbili. Kwa hiyo Wazanzibari wameulizwa juu ya namna ya kugawana madaraka wao kwa wao, ilhali hawajaulizwa juu ya Muungano wenyewe.

Kura ya Kenya iligusa moja kwa moja ahadi za 1963. Mahakama za kadhi zilizoahidiwa na Kenyatta kwa Shamte zilikuwamo katika rasimu, na zilipingwa vikali na viongozi wengi wa makanisa. Ahadi iliyotolewa kwa Waislamu wa pwani sasa ilikuwa ikipigiwa kura na nchi nzima. Ilipita, na ikapata nguvu ambayo barua za mawaziri wakuu wawili hazikuwa nayo: imeidhinishwa na taifa. Lakini ingeweza kuanguka, na kama ingeanguka, wachache wangekuwa wamenyang'anywa dhamana yao kwa njia iliyo halali. Yatupasa kukiri kwamba kura ina hatari hii.

Liko pia swali la lugha. Mwaka 2005 wapiga kura walitambulishwa pande mbili kwa ndizi na chungwa, na mwaka 2010 kwa rangi ya kijani na nyekundu. Alama hizo zina faida yake. Lakini kampeni zilipopamba moto, watu wengi walibishana juu ya matunda na rangi, na vifungu vikasahauliwa. Tena Katiba ya 2010, inayokitambua Kiswahili kuwa lugha ya taifa na pia lugha rasmi, inasema katika kifungu cha 259 kwamba tafsiri zikitofautiana, ile ya Kiingereza ndiyo itakayofuatwa. Raia aliyeisoma kwa Kiswahili na kuipigia kura ameridhia matini ambayo, panapotokea shaka, si ile itakayotumika. Hili ni jambo ambalo idara za lugha zingepaswa kulisemea zamani.

Nchini Tanzania, Tume ya Jaji Warioba ilikusanya maoni ya wananchi, na rasimu zake za 2013 zikapendekeza serikali tatu. Bunge Maalumu likarudisha serikali mbili katika Katiba Inayopendekezwa ya Oktoba 2014. Sheria ilitaka katiba hiyo ipate zaidi ya nusu ya kura Tanzania Bara na zaidi ya nusu Zanzibar, kila upande ukihesabiwa peke yake. Kwa utaratibu huo sheria iliepuka kosa la Kamerun la 1972. Lakini kura iliyopangwa tarehe 30 Aprili 2015 iliahirishwa kwa sababu uandikishaji wa wapiga kura haukukamilika, na haikupigwa katika miaka 10 iliyofuata. Historia ya 1965 ilijirudia: maoni yalikusanywa, maamuzi yakangojewa.

Hitimisho

Kutokana na mifano hii yawezekana kutoa jibu lenye mipaka. Si kila mkataba unaostahili kura ya raia. Mkataba wa biashara au wa mpaka wa uvuvi ni kazi ya wawakilishi, na kuupigia kura kungechosha raia na kushusha hadhi ya kura yenyewe. Lakini bunge ni wakili, na wakili hauzi shamba la mwenyewe bila idhini yake. Mkataba unaoianzisha dola, unaoifuta, au unaoihamishia mikononi mwa wengine unahusu shamba lenyewe. Katiba ya Kenya imeukaribia msimamo huu: kifungu cha 255 kinataka kura ya raia kwa mabadiliko yanayogusa eneo la nchi na mamlaka ya wananchi, na kinataka pia idadi maalumu ya wapiga kura katika angalau nusu ya kaunti.

Kura hiyo inahitaji masharti matatu. Kwanza, swali liwe na milango yote ambayo watu wanaitaka kwa kweli. Pili, pale mkataba unapounganisha pande zisizo sawa kwa ukubwa, kila upande uhesabiwe peke yake. Tatu, matini inayopigiwa kura kwa Kiswahili iwe na nguvu sawa na nyingine yoyote mahakamani. Na ikiwa dharura haitoi nafasi ya kuuliza kwanza, basi mkataba utaje siku ya kuuliza, na siku hiyo isiahirishwe na walewale waliotia sahihi.

Swali hili halijaisha. Mkataba wa Jumuiya ya Afrika Mashariki wa mwaka 1999 ulilenga shirikisho la kisiasa kuwa hatua ya mwisho, na uliidhinishwa bila kura ya raia. Wananchi walipoulizwa mwaka 2006 na 2007 kama shirikisho hilo liharakishwe, Watanzania walio wengi walikataa. Waliulizwa maoni, na safari hii maoni yao yalipunguza mwendo. Siku shirikisho litakapofikia hatua ya kuzikusanya dola za nchi wanachama kuwa moja, itapasa kuamuliwa mapema kama kitakachoitishwa ni maoni au ni maamuzi. Jina litakalochapishwa juu ya karatasi ya kura litakuwa sehemu ya jibu.